Barua Tatu Katika Jalada la Mtu Mwingine

Barua zilikuwa tatu, na saini ya kupokea kwenye zote tatu ilikuwa yangu. Naanza na hilo, vijana wangu, kwa sababu mkinisikia nikisimulia mambo ya masjala huwa mnacheka, na mimi napenda mcheke, lakini hili sijapata namna ya kulifanya lichekeshe. Nimestaafu, nipo hapa Litembo na mibuni yangu na magoti yanayouma, na bado nikizikumbuka zile karatasi tatu juu ya meza ya hakimu natafuta mahali pa kukaa.

Wengi mnanijua kama Mama Gaudensia mpiga chapa. Nilifanya kazi mahakamani miaka zaidi ya thelathini, kwanza kwa taipureta, baadaye kwa kompyuta, na kwa vile watumishi hawakutosha nilishika pia masjala, kile chumba cha majalada ya kesi na barua zinazoingia. Ilikuwa mahakama ya wilaya, huku huku mkoani kwetu. Ipi hasa siitaji, maana walio pale leo hawana kosa. Aliyekosea ni mimi.

Kazi nilifundishwa na karani mkuu wetu, Mzee Kasiani, mtu mfupi aliyevaa sweta la kijivu hata jua likiwaka. Alikuwa na agizo moja alilolirudia mpaka tukamchoka: soma barua ndipo ugonge mhuri. Sisi wasichana tuliona ni uzee tu. Mhuri unagongwa upesi, watu wamejaa mlangoni, kusoma utasoma baadaye.

Mwaka wangu wa kwanza alinipa nichape rekodi ya kesi ya Mahakama ya Mwanzo, ya mtu aliyeiba kuku wawili. Nikachapa kwamba mshtakiwa aliiba kaka wawili wa mlalamikaji, akawachinja, na nyama akala na familia yake. Nakala nne kwa kaboni, zote hivyo hivyo. Hakimu aliyesikiliza rufaa aliuliza inakuwaje mtu wa namna hiyo apewe miezi sita tu. Mahakama nzima ilicheka wiki mbili. Mzee Kasiani peke yake hakucheka. Alinikalisha nikachapa upya nakala zote nne, akazisoma zote nne neno kwa neno, kisha akaniambia kwamba karatasi ya mahakama anayeisoma kwanza ni mpiga chapa, na mara nyingine ni yeye peke yake anayeisoma yote. Nilidhani ananitia moyo. Nilichelewa miaka mingi kuelewa kwamba alikuwa ananionya.

Sasa niwaambie habari za Silvanus.

Alikuwa kijana wa Kingerikiti, fundi wa mashine ya kumenya kahawa ya kikundi cha wakulima. Ghala la kikundi likavunjwa, magunia ya kahawa yakaibwa, na shahidi mmoja akasema alimwona Silvanus karibu na mlango jioni ya siku ile. Kesi ikaja kwetu, ikaisha, akafungwa miaka mitatu. Siku aliyofikishwa gerezani alisaini fomu ya kusema anakusudia kukata rufaa, na fomu ikaletwa kwetu pamoja na barua ya kuomba nakala.

Hapa nieleze kidogo, maana wengine hamjawahi kuingia mahakamani. Mtu akifungwa na mahakama ya wilaya, ana siku kumi za kutoa taarifa kwamba hakuridhika, na siku arobaini na tano za kupeleka sababu zake Mahakama Kuu. Lakini sababu atazitoaje bila kuona kilichoandikwa? Ndiyo maana anaomba mwenendo wa kesi, yaani maneno yote ya mashahidi jinsi hakimu alivyoyaandika, pamoja na hukumu. Sheria haikuwa katili: siku anazosubiri nakala hazihesabiwi. Ila lazima ionekane kwamba aliomba. Pale penye kuonekana ndipo niliposimama mimi na mhuri wangu.

Kesi ya Silvanus ilikuwa namba arobaini na saba. Karani wa gereza aliandika saba yake ikasimama wima, mimi nikaisoma moja. Namba arobaini na moja ilikuwa ya mzee aliyelisha ng'ombe kwenye mahindi ya jirani, kesi iliyokwisha siku nyingi. Jina la Silvanus lilikuwa pale pale kwenye barua, mstari wa pili. Sikulisoma. Niligonga mhuri, nikasaini, nikafungua jalada la arobaini na moja, nikaichoma barua na ile fomu kwenye uzi wa jalada, nikazipa namba za kurasa, nikarudisha jalada kabatini. Kazi safi kabisa.

Baada ya miezi miwili hivi alikuja mkewe, Veneranda. Msichana mwembamba, mtoto mgongoni. Aliniamkia shikamoo, akauliza nakala za mume wake zimefikia wapi. Nilifungua daftari, nikatafuta arobaini na saba, sikuona barua. Nikamwambia kwa sauti ile ya ofisini, ambayo naomba msijifunze, kwamba mume wake hajaandika. Akamwambie aandike.

Akaenda gerezani akamwambia. Silvanus akaandika. Barua ikaletwa na karani yule yule, na saba ile ile. Mimi nikapokea, nikasaini, nikaipeleka arobaini na moja.

Veneranda akarudi. Nikatafuta, sikuona. Nikamwambia tena hajaandika, na safari hii nikaongeza kwamba labda mume wake hana nia, maana wafungwa wengine hukata tamaa. Nilimwambia hivyo, wanangu. Alikaa kwenye benchi la korido, akamshusha mtoto, na yule mtoto akashika ukingo wa benchi akapiga hatua mbili, akaanguka, akainuka. Nilimpigia makofi kupitia dirisha la masjala. Nilimwona mtoto wa Silvanus akijifunza kutembea kwenye korido yetu, na barua za baba yake zilikuwa kabatini nyuma ya mgongo wangu.

Ya tatu ilikuja hivyo hivyo, ikapokelewa hivyo hivyo.

Aliyemfungua macho Veneranda ni Mwalimu Ditrik, mwalimu mstaafu wa hapo Kingerikiti aliyepata mafunzo ya usaidizi wa kisheria parokiani. Si wakili, ni mtu wa kueleza watu sheria na kuwaandikia barua. Alimuuliza swali moja: kila ulipokwenda mahakamani, uliondoka na karatasi gani? Veneranda akasema hakuondoka na karatasi, aliondoka na majibu. Mwalimu akamwambia kwamba ofisi haikumbuki mdomo wa mtu, kwa hiyo kuanzia siku ile asiende tena mahali bila barua yenye nakala mbili, moja anaiacha, ya pili inagongwa mhuri na tarehe anarudi nayo. Kisha akamtuma gerezani akaombe kuona daftari la kukabidhi barua, lile ambalo anayepokea anasaini. Mkuu wa gereza alimwelewa, akampa nakala za barua zote tatu pamoja na kurasa za daftari zenye saini. Mwalimu akaandika barua kwa hakimu mfawidhi, ambaye ndiye mkubwa wa mahakama, na nakala kwa jaji mfawidhi wa Mahakama Kuu, Kanda ya Songea.

Hakimu mfawidhi alikuwa mpya, mwanamke mdogo kuliko binti yangu wa kwanza. Aliniita asubuhi. Nilimkuta Veneranda amekaa, mtoto amesimama katikati ya magoti yake. Hakimu hakunipa salamu ndefu. Alipanga karatasi tatu mezani akauliza saini ile ni ya nani.

Niliiangalia. Kuna jinsi ninavyoukunja mkia wa herufi ya mwisho, niliiga kwa Mzee Kasiani. Nikasema ni yangu. Nikaangalia ya pili, nikaangalia ya tatu, nikakaa bila kukaribishwa.

Veneranda akasema taratibu, bila hasira, "Mama, uliniambia hajaandika."



Hakimu aliziangalia zile barua kwa karibu, akasogeza moja dirishani, akauliza hii ni saba au moja. Nilitoka hapo kama mtu aliyemwagiwa maji ya ziwani mwezi wa sita, wakati wa baridi. Nilifungua jalada la mzee wa ng'ombe. Barua zote tatu zilikuwa ndani pamoja na ile fomu, zimenyooka, kila moja na namba yake ya ukurasa. Kisha nikatafuta jalada halisi. Nalo lilikuwepo, rafu ya chini, halijaguswa tangu hukumu isomwe. Hakimu aliyeiandika alikuwa amehamishwa zamani. Tangu kijana yule afungwe ulikuwa umepita mwaka mmoja na miezi mitano.

Ikatolewa amri nichape, niache kazi nyingine zote. Mwandiko wa yule hakimu aliyehama ulikuwa kama nyayo za kuku kwenye majivu, na ulikuwa wa Kiingereza, maana enzi hizo mashahidi walisema Kiswahili, hakimu akaandika Kiingereza, na mtu wa Kingerikiti akapewa nakala ya maneno yake mwenyewe asiyoweza kuyasoma. Leo sheria imebadilika, rekodi ni ya Kiswahili, na majalada yamo kwenye mfumo wa kompyuta. Nashukuru. Ila msidanganyike: na huo mfumo unapokea namba mnayouingizia ninyi.

Nilichapa siku tano. Siku ya nne nilifika kwenye utetezi wa Silvanus. Alisema siku ghala lilipovunjwa hakuwa Kingerikiti, alikuwa hospitali na mke wake aliyekuwa anajifungua. Akaleta shahidi, muuguzi, aliyesema alimwona mchana na jioni ile, akimtuma huku na huku kuchota maji. Na akatoa kadi ya kliniki ya mkewe ikapokelewa kama kielelezo. Niligeuza jalada nyuma. Kadi ilikuwa pale, imebanwa na pini iliyoshika kutu, na tarehe ya kujifungua imeandikwa wazi.

Ile ndiyo siku ya wizi. Na mtoto aliyezaliwa siku ile ndiye niliyempigia makofi dirishani.

Siku ya tano nikachapa hukumu. Kurasa nne. Nilikuwa nasubiri kuona hakimu amesema nini juu ya muuguzi na ile kadi, amewakataa kwa sababu gani. Nikafika mwisho, kifungo miaka mitatu, saini. Nikadhani nimeruka ukurasa. Nikarudi mwanzo nikahesabu. Sikuruka. Utetezi wote wa kijana yule haukutajwa hata kwa neno moja, si kwa kukubaliwa wala kwa kukataliwa. Niliondoa mikono kwenye kompyuta, nikaikunja mapajani. Kwa mwaka na nusu karibu hakuna aliyejua jambo hilo, kwa sababu wa kuliona kwanza alikuwa mpiga chapa, naye alikuwa hajachapa.

Nakala zikatoka, zikathibitishwa, zikapelekwa gerezani. Mfungwa halipii nakala hizo. Lakini sasa kulikuwa na tatizo la pili. Siku arobaini na tano zilikwisha kitambo, na barua za kuombea nakala zilionekana zinahusu kesi nyingine. Wakili wa serikali angeweza kusimama akasema mtu huyu hakuomba kitu kwenye kesi yake, amelala, amechelewa. Mwalimu Ditrik akaandaa maombi ya kukubaliwa kukata rufaa nje ya muda, na maombi ya namna hiyo yanahitaji sababu ya kutosha, iliyothibitishwa kwa kiapo. Mwenye kuijua sababu nilikuwa mimi.

Nilikaa nikaandika hati ya kiapo. Niliandika kwamba jalada halikuonekana kwa wakati. Mnaijua sentensi hiyo, ofisi zote zinayo. Nilikuwa nimebakiza muda mfupi nistaafu, na faili langu la utumishi halikuwa na doa. Nikampelekea hakimu mfawidhi. Alisoma, akanyanyua macho.

"Halikuonekana na nani, Mama Gaudensia?"

Alinirudishia karatasi. Nilirudi mezani kwangu, nikaandika upya kwamba mimi, kwa jina langu, nilipokea barua tatu za mfungwa huyu, kwamba jina lake lilikuwa wazi, kwamba sikulisoma, kwamba niliziweka kwenye jalada la mtu mwingine, na kwamba mke wake alikuja mara kwa mara nami nikamjibu uongo nikidhani ni kweli. Nikaapa, nikasaini kwa ule mkia wangu. Baada ya hapo nikapewa barua ya onyo. Ninayo mpaka leo, kwenye bahasha moja na cheti changu cha ndoa.

Kule Songea wakili wa serikali alisoma kiapo changu na hakupinga. Silvanus akaruhusiwa, rufaa ikasajiliwa, ikasikilizwa. Jaji alisema utetezi wa mtu hauwezi kupitwa kama mti wa kando ya barabara, na kwamba shahidi mmoja wa kuona kwa mbali hakutosha. Akafuta hukumu, akaamuru aachiwe.

Mlikuwa mnasubiri nifurahi hapo. Nilikwenda kwa bwana jela mmoja ninayefahamiana naye tukapiga hesabu. Kifungo cha miaka mitatu, kwa mtu mwenye tabia njema, hupunguzwa theluthi. Silvanus aliachiwa na Mahakama Kuu wiki tano kabla ya siku ambayo angetoka hata kama asingekata rufaa. Tena angeweza kuomba dhamana wakati anasubiri rufaa. Hakuna aliyemwambia, na hata angeambiwa, bila zile nakala angeonyesha nini.

Kwa hiyo ninyi mnaokwenda kufuatilia karatasi, iwe nakala ya hukumu, iwe cheti cha kuzaliwa, iwe hati ya shamba la bibi yenu kule Ngaka ambako malori ya makaa ya mawe yanapita, sikilizeni. Omba kwa maandishi. Ondoka na nakala yenye mhuri na tarehe. Uliza jina la aliyepokea. Ukirudi, rudi na barua ya kukumbushia inayotaja ile ya kwanza. Wakinyamaza, mwandikie mkubwa wa ofisi, kisha mkubwa wake, na nakala zote zionyeshe umemtumia nani. Ipo tume ya serikali inayopokea malalamiko dhidi ya ofisi za umma, na ipo Mahakama Kuu, ambayo inaweza kumwamuru ofisa atimize wajibu wake, ingawa huko unaanza kwa kuomba ruhusa, na hiyo ruhusa nayo ina muda wake, usikae. Karatasi ikitoka, omba ionyeshe tarehe uliyoomba na tarehe uliyopewa. Tarehe hizo mbili ndizo zitakazokutetea ukiambiwa umechelewa.

Na ninyi mnaokaa upande wa pili wa dirisha, someni jina. Sina zaidi.

Siku moja, kama mwezi baada ya Silvanus kutoka, Veneranda alikuja masjala. Safari hii mtoto alitembea mwenyewe. Alikuwa na nakala ya hukumu ya Mahakama Kuu mkononi, na sikuelewa anataka nini, maana alikuwa nayo tayari. Akanieleza. Kule kijijini walimpokea mume wake kama mtu aliyemaliza kifungo. Walikuwa wamehesabu miaka, wakatoa theluthi, wakaona imefika, basi mwizi ametoka. Kikundi kimemkataza asikaribie mashine. Anawaonyesha karatasi, lakini ni Kiingereza, na wanasema ndiyo barua ya kutokea gerezani. Mwalimu Ditrik angeweza kuisoma, ila watu wanasema mwalimu ni wa upande wa Silvanus.

"Tunataka aisome mtu wa mahakama," akasema.

Nilimwomba ruhusa hakimu mfawidhi, akanipa. Jumapili nikapanda bodaboda mpaka Kingerikiti, na hukumu ile nimeitafsiri usiku uliotangulia na kuichapa vizuri kwa Kiswahili, kurasa saba. Baada ya misa mwenyekiti wa kijiji aliwaita watu mbele ya ofisi ya kijiji. Silvanus nilikuwa sijawahi kumwona. Kumbe ni mfupi, mabega mapana, amenyoa. Aliniamkia shikamoo, akanionyesha pa kusimama. Mimi nilikuwa nimejiandaa kumwomba msamaha, nikaona hapo si mahali pake, kwanza nifanye nilichoitiwa.

Kabla ya kuisoma hukumu niliwaambia mimi ni nani na kwa nini rufaa ilichukua muda wote huo. Niliwaambia habari ya saba na moja. Mama mmoja mbele alishika mdomo. Mwenyekiti wa kikundi cha kahawa, aliyekuwa amesimama kwa kujiegemeza ukutani, aliacha kujiegemeza. Kisha nikasoma. Nilipofika kwenye muuguzi na kadi ya kliniki, watu waligeuka kumtazama mtoto, naye akajificha kwenye sketi ya mama yake. Nilipofika kwenye maneno ya mwisho, kwamba hukumu imefutwa na mtu huyu hana hatia, hakuna aliyepiga makofi wala kigelegele. Nikazikunja karatasi.

Silvanus akasogea. "Umesoma yote, mama?"

Nikamwambia yote.

Akatazama barabarani. Watu waliosali kwenye kigango, kanisa dogo la mbali, walikuwa ndiyo kwanza wanafika, wanawake na kanga za Jumapili, wanaume watatu na baiskeli, wanauliza wenzao kuna nini.

"Basi soma tena," akasema. "Hawa hawakusikia."

Nikarudi ukurasa wa kwanza, nikaanza na jina lake.